Kibarua wa Kikapu: Safari ya Kazi ya Bismack Biyombo na Historia ya Mkataba katika Kongo ya Waswahili

Katika kurasa za michezo za magazeti ya Kiswahili, kocha au mchezaji anapoondolewa kazini husemwa kwamba kibarua chake kimeota nyasi. Usemi huu umezoeleka kiasi kwamba msomaji haulizi tena kibarua hicho ni kitu gani, wala nyasi hizo zimetoka wapi. Makala haya yanakusudia kuliuliza swali hilo kwa kumfuata mtu mmoja, Bismack Biyombo, mzaliwa wa Lubumbashi, ambaye tangu 2011 hadi 2025 aliajiriwa na klabu saba za ligi ya mpira wa kikapu ya Marekani (NBA): Charlotte, Toronto, Orlando, kisha Charlotte tena, halafu Phoenix, Memphis, Oklahoma City na San Antonio. Hakuwahi kuwa nyota. Wastani wake katika miaka hiyo ni takribani pointi 5 na mipira ya kurudi 6 kwa kila mchezo, hesabu ambayo shabiki wa kawaida huipita bila kusimama. Hata hivyo alidumu katika kazi hiyo kuliko wengi waliotangulizwa mbele yake, na namna alivyodumu ndiyo inayoifanya habari yake istahili kuandikwa kama historia ya kazi, si kama simulizi ya ushindi.

Yafaa tangu mwanzo kumwonya msomaji wa Uvira. Atakapolisikia jina Biyombo, sikio lake litakimbilia Bijombo, ile nchi ya nyanda za juu inayoutazama mji wa Uvira na Ziwa Tanganyika kutoka juu. Kufanana kwa sauti si ushahidi wa ukoo, na hatudai uhusiano wowote baina ya jina la mchezaji na jina la mahali. Uhusiano tunaoutafuta ni wa namna nyingine. Kijana anayeteremka kutoka Bijombo, awe amelelewa katika Kifuliiru, Kivira, Kinyindu au Kinyamulenge, hukikuta Kiswahili sokoni na kazini. Ni lugha ya yule anayetafuta ujira kwa mtu asiye wa nyumbani kwake. Kule Katanga lugha hii ilikua kwa njia hiyo hiyo. Biyombo, ambaye Kiswahili ni moja kati ya lugha tano anazosifika kuzisema, ni mtoto wa historia hiyo.

Neno na uzito wake

Kiswahili hakina neno moja lililokubalika kwa mchezaji wa aina ya Biyombo, yaani fundi hodari wa daraja la kati anayeuza ujuzi wake leo hapa, kesho pale. "Mchezaji wa kulipwa" halitoshi, kwa sababu linamjumuisha pia yule mwenye sanamu mlangoni mwa uwanja. "Mamluki" lina dharau. Katika michezo ya Afrika Mashariki hutumiwa kwa mchezaji aliyeingizwa kikosini kwa hila, asiye na haki ya kuivaa jezi aliyoivaa. Wapo wanaosema "mchezaji wa kuhamahama", lakini hilo nalo hudanganya, kwa kuwa mfugaji ahamaye huenda kwa hiari yake kuyafuata malisho, ilhali mchezaji huyu huhamishwa. Kwa mfugaji wa Bijombo nyasi zikiota ni neema. Kwa mwenye kibarua, nyasi zikiota maana yake ni kwamba jembe limelala na pale alipokuwa akifanya kazi hapana mtu.

Kwa maoni yetu neno linalofaa ni hilo hilo kibarua, mradi tulirudishie historia yake. Asili yake ni barua iliyofanywa ndogo kwa kiambishi ki-: kijikaratasi alichokuwa nacho mtu aliyekodiwa kwa kazi ya siku. Katika Zanzibar na pwani ya karne ya 19, watu waliokodiwa hivyo walikuwamo watumwa wengi ambao bwana zao waliwatoa kufanya kazi mjini na kugawana nao ujira. Kutoka kwenye karatasi maana ikahamia kwenye kazi yenyewe, na kutoka kwenye kazi ikahamia kwa mtu, ndiyo maana hata leo twaweza kusema "kibarua hiki" na "kibarua huyu" pasipo kigugumizi. Baadaye, chini ya Waingereza, karatasi ilipata umbo jingine. Katika mashamba ya mkonge ya Tanganyika mfanyakazi alipewa kipande chenye nafasi 30, na kila siku aliyomaliza kazi nafasi moja ilitiwa alama. Kipande kikijaa ndipo alipolipwa. Tuikumbuke hesabu hiyo ya siku, kwa sababu tutaikuta tena Phoenix na San Antonio.

Nako Uvira mambo ya ujira wa safari si ya jana. Burton na Speke walipofika huko Aprili 1858 kwa mitumbwi kutoka Ujiji, walikuta pwani ambayo tayari ilijulikana na wafanyabiashara wa Kiswahili na Kiarabu. Wageni hao walitaka waendelezwe hadi mdomo wa Rusizi ili wajue kama mto ule unaingia ziwani au unatoka. Wapiga makasia waliokodiwa, pamoja na kiongozi wao Kannena, wakakataa, wakihofia watu wa huko mbele. Burton akarudi bila kuuona mdomo wa mto, na swali likabaki hadi Novemba 1871, Livingstone na Stanley walipothibitisha kuwa Rusizi huingia ziwani. Vitabu vingi vya jiografia hulitaja tukio la 1858 kama bahati mbaya ya mpelelezi. Sisi tunaliona pia kuwa mzozo wa mkataba: watu walikubaliana ujira wa kufika mahali fulani, wakaombwa zaidi, wakasema basi.

Lubumbashi baada ya kampuni

Kiswahili cha Katanga kilikuwa na wazazi wawili. Wa kwanza ni wafanyabiashara wa Kinyamwezi, ambao mmoja wao, Msiri, alijijengea dola huko Bunkeya hadi alipouawa Desemba 1891. Wa pili ni kampuni. Union Minière ilianzishwa 1906, mji wa Elisabethville ukaanza 1910, na kwa kuwa eneo la migodi halikuwa na watu wa kutosha, wafanyakazi waliletwa kutoka mbali: Lomami, Maniema, Rwanda na Burundi, na kwingineko. Mwanzoni walikuja kwa muda mfupi kisha wakarudi kwao au wakafa. Kuanzia 1928 kampuni ilianza kuwapa mikataba ya miaka 3 na kuwaruhusu wakae na wake zao. Shule, zahanati, mgao wa chakula na viwanja vya michezo vyote vilitoka kwa kampuni. Watoto waliozaliwa katika kambi hizo walikua wakisema Kiswahili, hata pale ambapo baba na mama hawakuwa na lugha moja ya nyumbani.

Hapa kuna tukio ambalo mwanahistoria wa michezo hana ruhusa ya kulipita. Desemba 1941 wafanyakazi wa Union Minière waligoma wakidai nyongeza ya mshahara, kwa kuwa vita vilikuwa vimepandisha bei za vitu huku shaba yao ikihitajiwa kuliko wakati wowote. Tarehe 9 walikusanyika katika uwanja wa mpira wa Elisabethville kungoja jibu. Jibu lilikuwa risasi. Makumi ya watu waliuawa, akiwamo kiongozi wao Léonard Mpoyi. Kwa hiyo uwanja wa michezo katika mji huo haukuwa mahali pa burudani peke yake. Ulikuwa pia mahali ambapo bei ya mwili wa mtu mweusi ilijadiliwa, na mahali ambapo mjadala huo ulikatwa.

Kampuni ilitaifishwa 1967 na hatimaye ikaitwa Gécamines. Katika miaka ya 1980 ilikuwa bado ikitoa shaba zaidi ya tani 400,000 kwa mwaka. Septemba 1990 sehemu ya mgodi wa Kamoto iliporomoka. Kufikia 1993 uzalishaji ulikuwa umeshuka chini ya tani 100,000, na katika miaka hiyo hiyo maelfu ya watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Katanga. Bismack Biyombo alizaliwa Lubumbashi tarehe 28 Agosti 1992, katikati ya mporomoko huo. Watu wa Uvira wanaujua mfano wake kwa kiwango kidogo: kiwanda cha sukari cha Kiliba, katika bonde la Rusizi, nacho kilisimama katika miaka ya 1990, na vibarua wa miwa wakabaki na miili yao bila mwajiri. Kizazi cha Biyombo kilirithi lugha ya kampuni, na pengine desturi zake za kupima muda na ujira, lakini kampuni yenyewe hakikuirithi. Aliyetaka mkataba ilimpasa autafute ng'ambo.

Njia aliyoipita kijana huyu ilikuwa ya mzunguko. Akiwa na umri wa miaka 16 alionekana katika mashindano ya vijana nchini Yemen na Mário Palma, Mreno aliyekuwa akifundisha timu ya taifa ya Jordan, naye akamsaidia kwenda Hispania. Huko aliwekwa kwanza katika daraja la chini, kwenye klabu ya Illescas, kisha Januari 2011 akaingizwa katika kikosi kikubwa cha Fuenlabrada, nje kidogo ya Madrid. Alicheza michezo 14 tu ya ligi kuu ya Hispania, akiwa na wastani wa kuzuia mitupo zaidi ya 2 kwa mchezo. Tarehe 9 Aprili 2011, mjini Portland, vijana teule wa dunia walicheza na vijana teule wa Marekani. Biyombo alifunga pointi 12, akadaka mipira ya kurudi 11, akazuia mitupo 10. Hapakuwa na mtu aliyewahi kufikisha makumi matatu namna hiyo katika historia ya mchezo huo.

Kilichofuata kinafundisha zaidi kuliko sifa. Kwanza ilizuka shaka juu ya umri wake: waandishi wa Marekani waliuliza kama mtu mwenye mabega yale angeweza kuwa na miaka 18. Mtu wa kwetu huulizwa karatasi kabla ya kuulizwa habari. Pili, klabu ya Hispania ilidai fidia ya kuvunjwa kwa mkataba wake, na mzozo huo ukamfuata hadi siku ya uteuzi na baada yake. Tarehe 23 Juni 2011 jina lake liliitwa la 7, na Sacramento, na usiku huo huo haki ya kumwajiri ikahamishiwa Charlotte katika mabadilishano ya klabu tatu. Alikuwa hajagusa mpira wa ligi hiyo, lakini ameshauzwa mara moja.

Kisha waajiri wakafunga milango. Kuanzia Julai hadi mapema Desemba 2011 wenye klabu waliwazuia wachezaji wote kazini, mzozo ukiwa ni mgawanyo wa mapato. Walipopatana, fungu la wachezaji lilishuka kutoka asilimia 57 hadi karibu nusu, na msimu ukapunguzwa ukawa wa michezo 66. Hatulinganishi mgogoro wa matajiri na damu ya 1941. Mtu asitusome vibaya. Twasema tu kwamba kijana wa Lubumbashi aliingia kazini kupitia mlango ule ule wa mapatano ya ujira, na kwamba safari hii upande wa wafanyakazi ulikuwa na chama, mawakili na akiba ya benki.

Charlotte, chini ya umiliki wa Michael Jordan, ilishinda michezo 7 katika ile 66. Kwa uwiano, hakuna timu katika historia ya ligi hiyo iliyokuwa imewahi kufanya vibaya zaidi. Biyombo alikaa huko miaka minne. Alijifunza kufanya mambo mawili, kuzuia mtupo na kudaka mpira uliokosa kikapu, na kwa kufunga hakuwa na mkono. Msimu wa 2014/15 ulipokwisha, klabu haikuona sababu ya kuendelea naye.

Nafasi ya mwingine

Watu wa Afrika Mashariki watamkumbuka hapa Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam, mrefu wa mita 2.21, aliyechaguliwa wa 2 na Memphis mwaka 2009. Huyo alipandishwa juu kuliko Biyombo na akashushwa upesi zaidi: Februari 2010, kabla hajamaliza msimu wake wa kwanza, alipelekwa ligi ndogo, na hadi wakati huo hapakuwa na mchezaji aliyechaguliwa juu kiasi hicho aliyewahi kupelekwa huko. Akapitia Houston, Portland na Oklahoma City, na baada ya 2014 ligi kuu haikumwita tena. Alikuja kucheza Japani na Taiwan. Magazeti ya Marekani yalimwandika kama kosa la waliomchagua. Tofauti yao, kadiri tuonavyo, haikuwa ya kipaji peke yake. Thabeet alinunuliwa awe nguzo ya nyumba. Biyombo, baada ya Charlotte kumwacha, alikubali kuwa mti wa kushikilia paa nguzo inapovunjika. Kazi hiyo ya pili ina soko la kudumu.

Ushahidi upo katika tarehe. Julai 2015 alikwenda Toronto kwa mkataba wa miaka 2 wenye thamani ya takribani dola milioni 6, ujira mdogo kwa kipimo cha ligi hiyo, akiwa msaidizi wa Jonas Valančiūnas. Machi 2016 alidaka mipira ya kurudi 25 katika mchezo mmoja dhidi ya Indiana, rekodi ya klabu. Mei, Valančiūnas akaumia kifundo cha mguu katika mashindano ya mtoano dhidi ya Miami. Biyombo akapewa nafasi. Katika mchezo wa 7 na wa mwisho wa duru hiyo alipata pointi 17 na mipira ya kurudi 16, na Toronto ikafika fainali ya kanda ya mashariki kwa mara ya kwanza katika historia yake. Tarehe 21 Mei, Cleveland ya LeBron James ikiwa imeshinda michezo yake kumi yote ya mtoano hadi hapo, Biyombo alidaka mipira 26 na kuzuia mitupo 4. Toronto ikashinda 99 kwa 84. Cleveland hatimaye ilipita kwa michezo 4 kwa 2, ikaenda kutwaa ubingwa.

Inafaa kueleza mpira wa kurudi ni nini kama kazi, maana mtazamaji huutazama mpira na kumsahau mtu. Mtupo unapokosa, mpira hugonga chuma na kuruka. Anayeudaka hakuubuni mchezo huo wala hatatajwa na mtangazaji kama aliyefunga. Kazi yake ni kuweka mwili wake baina ya mpinzani na mahali mpira utakapoangukia, kupigwa viwiko, kuruka, kuruka tena, kisha kumpa mwingine. Mara 26 kwa jioni moja. Anayetaka kufananisha na amfikirie mpagazi: mzigo si wake, na anapofika humkabidhi mwenyewe.

Majira yale ya joto bahati ya soko ilimwangukia. Fedha mpya za televisheni zilipandisha kikomo cha mishahara cha kila klabu kutoka dola milioni 70 hadi milioni 94 kwa mkupuo. Biyombo, aliyekuwa na haki ya kujitoa Toronto baada ya mwaka mmoja, alijitoa, na Orlando ikampa miaka 4 kwa dola milioni 72. Mtu yule yule, mikono ile ile, na hata pointi zake chache ni zile zile: mwaka mmoja kabla Charlotte ilikuwa imemwona hana thamani ya kubakizwa. Waandishi wengi walikejeli mkataba huo baadaye, na kweli Orlando hakung'ara. Kejeli hiyo ilielekezwa kwa asiyehusika. Kibarua hakupanga bei ya soko. Aliikuta imepanda siku aliyosimama gulioni. Julai 2018 mkataba huo, ukiwa na mwenyewe ndani yake, ulirudishwa Charlotte katika mabadilishano mengine ya klabu tatu. Akaumalizia huko, akapewa mwaka mmoja zaidi, na mwaka 2021 akawa hana klabu.

Hapo ndipo karatasi ndogo inaporudi. Ligi hiyo ina mkataba wa siku 10. Kwa kawaida hutolewa kuanzia Januari, na klabu haiwezi kumpa mchezaji mmoja zaidi ya mikataba miwili ya namna hiyo katika msimu mmoja. Baada ya hapo ama imwajiri hadi mwisho wa msimu ama imwache aende zake. Tarehe 1 Januari 2022 Biyombo alitia sahihi mkataba wa siku 10 na Phoenix, kwa sababu ugonjwa wa Kovidi ulikuwa umewaweka pembeni wachezaji wa kati wa klabu hiyo. Alicheza vizuri, wakambakiza. Phoenix ilimaliza msimu ule ikiwa imeshinda michezo 64, zaidi ya klabu nyingine yoyote. Mtu aliyeanza kazi katika timu mbaya kupita zote alikuwa sasa ameketi katika timu bora ya mwaka, tena kwa kupitia mlango wa watumishi.

Tukizipanga ajira zake kwa sababu zake badala ya kuzipanga kwa majina ya miji, picha hubadilika. Toronto: kifundo cha mguu cha Valančiūnas. Phoenix: Kovidi. Memphis, Novemba 2023: goti la Steven Adams, aliyekosa msimu wote. San Antonio, tutakuja. Kila mara mkataba wake ulitokana na mwili wa mwingine kushindwa, na yeye mwenyewe alilipwa kwa sharti kwamba wake usishindwe. Memphis ilimwachilia Januari 2024, na mwezi uliofuata Oklahoma City ikamchukua kwa sehemu ya msimu iliyobaki. Historia za michezo huandikwa kwa kufuata mabingwa, hivyo mtu wa namna hii huonekana ndani yake kama jina linalojitokeza ukurasa mmoja na kupotea ukurasa wa pili. Ukimfuata yeye, klabu ndizo zinazojitokeza na kupotea.

Mshahara wa Phoenix

Baba yake Biyombo, François, alifariki 2021. Katika msimu ule ule wa Phoenix mwanawe alitangaza kuwa mshahara wake wote wa msimu huo, zaidi kidogo ya dola milioni 1.3, utakwenda kujenga hospitali nchini Kongo kwa kumbukumbu ya baba. Angalia ni mshahara upi. Haukuwa ule wa Orlando wa milioni 72. Ulikuwa ujira ulioanza na karatasi ya siku 10.

Kabla yake alikuwapo Dikembe Mutombo wa Kinshasa, aliyefariki Septemba 2024. Hospitali aliyoijenga mjini humo kwa jina la mama yake, Biamba Marie Mutombo, ilianza kupokea wagonjwa 2007. Mama huyo alifariki 1997, wakati vurugu za mji zilipokuwa zimefunga njia ya kumfikisha kwa daktari. Mutombo naye alizivaa jezi za klabu sita katika misimu 18, lakini hakuna aliyewahi kumwita kibarua, kwa sababu alipohamishwa alihamishwa kama mali ya thamani. Kwamba wana wawili wa nchi moja, nyota na kibarua, wote walifikia wazo la hospitali, si jambo la kushangaza kwa mtu anayejua mahali walikotoka. Katika Katanga ya kampuni, zahanati ilikuwa sehemu ya mkataba. Kampuni ilimtibu mfanyakazi ili aweze kurudi shimoni. Kampuni ilipoporomoka zahanati iliporomoka nayo, na serikali haikuja kushika mahali pake. Mwanamume aliyepata mshahara ng'ambo akawa ndiye kampuni ya ukoo wake na wakati mwingine ya mji wake.

Hapa hatuwezi kusifu bila kusita. Kutoa mshahara mzima wa mwaka ni tendo la heshima, na ni wachache walilolitenda. Lakini hospitali inayongojea mtu fulani huko Arizona apate mkataba, ambao nao ulingojea watu wengine waugue, ni hospitali iliyojengwa juu ya ajali nyingi mno. Juu kule Bijombo, ambako mapigano ya tangu 2018 yaliwatawanya maelfu ya watu, na ambako mgonjwa hubebwa kwa machela kuteremshwa mlimani, hakuna mwenyeji aliyechaguliwa wa 7. Vijana wake wengi waliingia katika mikataba isiyotangazwa: ya Uvira, ya Bujumbura, ya Nairobi, ya kambi ya Nyarugusu huko Kigoma, ambako Wakongo wamehifadhiwa tangu 1996. Nao pia hutuma walichopata nyumbani. Senti zao hazina mwandishi wa habari, na huenda zikijumlishwa zikawa nyingi kuliko za mchezaji yeyote.

Soko la wachezaji, kwa upande wake, limeendelea kuitazama Kongo ya Waswahili. Mwaka 2021 Jonathan Kuminga, mzaliwa wa Goma, aliitwa wa 7 katika uteuzi, nambari ile ile aliyoitwa Biyombo miaka kumi kabla, na Golden State ndiyo iliyomchukua. Mwaka uliofuata klabu hiyo ikatwaa ubingwa naye akiwamo kikosini. Yeye aliondoka nyumbani akiwa mtoto, akasomea Marekani, wala hakulazimika kuzunguka Yemen na Hispania. Njia imefupishwa na madalali wameongezeka.

Biyombo alikuwa bado njiani. Msimu wa 2024/25 ulianza akiwa hana mwajiri. Februari 2025, akiwa na umri wa miaka 32 na misimu 13 nyuma yake, alitia sahihi mkataba wa siku 10 na San Antonio. Mwezi huo huo Victor Wembanyama, Mfaransa ambaye klabu ilikuwa imemjengea matumaini yake yote, aligunduliwa kuwa na damu iliyoganda begani, akasimamishwa hadi mwisho wa msimu. Siku kumi za Biyombo zilipokwisha alipewa kumi nyingine. Hizo nazo zilipokwisha, sheria ikailazimu klabu ichague, ikampa mkataba wa msimu uliobaki, na katika michezo mingi ya majuma yale yeye ndiye aliyesimama katikati ya uwanja mpira wa kwanza uliporushwa.